Chungu Kilichomsubiri Mgeni Rasmi

"Shindano la Ngazi ya Kata la Uandaaji wa Mlo Kamili wa Nafaka Isiyokobolewa Uliookwa kwa Kushirikisha Mboga za Msimu wa Baada ya Mavuno, Awamu ya Pili." Ndivyo bango lilivyosema, na kwa kuwa kitambaa kiliisha kabla ya maneno, "Awamu ya Pili" ilibidi ikunjwe nyuma ya nguzo. Awamu ya kwanza alijitokeza mshiriki mmoja, Gloria mwenye duka la keki na oveni ya umeme. Alishika nafasi ya kwanza, nafasi ya pili ikaahirishwa. Bango lilifungwa mbele ya ofisi ya kata, hapa Bariadi, ng'ambo ya barabara tu kutoka kijiwe chetu cha Mizani. Kijiwe kinaitwa hivyo kwa sababu zamani palikuwa kituo cha kununulia pamba. Ghala limebaki kuta, nguzo ya mizani imebaki na ndoano yake, na chini yake tumelaza ubao juu ya matairi ya lori. Hapo Nyanjige huuza kahawa, na sisi huinywa huku tukiendesha nchi. Siku hiyo nchi ilijiendesha yenyewe, kwa sababu Nyanjige alikuwa mshiriki.

Zawadi ilikuwa banda la kupikia ndani ya uwanja wa Nyakabindi wakati wa Nane Nane, maonyesho ya wakulima. Mtu wa mbali ataona ni jambo dogo. Lakini kila mwaka Nyanjige huenda Nyakabindi na birika lake, na kila mwaka hubaki nje ya uzio, akipitisha vikombe kwenye matundu ya waya. "Nane Nane naijua kwa visigino vya watu," husema. "Nyuso zao sijaziona."

Ndani ya viwanja vya ofisi ya kata moto ulikatazwa. Gloria alileta chakula chake asubuhi, kimeshaokwa nyumbani. Nyanjige alichimba shimo nyuma ya ubao wetu.

– Mwangaluka, bhabha zangu, alitusalimia kwa Kisukuma kama baba zake. Sogezeni miguu.

Wa kwanza kusogeza miguu, kwa masharti, alikuwa Method, tarishi mstaafu wa halmashauri, ambaye sisi humwita Kifungu.

KIFUNGU: Mayu Nyanjige, mama yetu, swali la utaratibu. Bango linasema "uliookwa". Mimi nimebeba mafaili ya halmashauri mpaka nimestaafu, sijaona mahali shimo linaitwa oveni.

NYANJIGE: Uliyabeba, Kifungu. Uliyasoma?

Robota alicheka mpaka ubao ukalia. Jina lake ni Ndalahwa, na huitwa Robota kwa sababu ameumbwa kama robota la pamba na ameinunua pamba nusu ya maisha yake. Pembeni yake alikaa Constantine, Masafa kwetu, mwenye redio ndogo isiyozimwa hata kwenye msiba.

Nyanjige alikuwa na chungu kikubwa cha udongo. Chini alitandaza mtama mzima uliolala kwenye maji usiku kucha, wala haukupita kwa kinu. Juu yake vipande vya boga, viazi vitamu, kunde, majani ya maboga yaliyokatwakatwa, kisha karanga zilizopondwa na samli ya ng'ombe wa kaka yake wa Lalago. Akarudia tena mtama, akarudia tena boga. Mwisho akafunika, akazungushia mfuniko donge la unga wa mtama, akaliminya kwa vidole kama fundi anayeziba ufa, asiache hata tundu la sisimizi. Chungu kikaingia shimoni juu ya mkaa, na mkaa mwingine ukapandishwa juu ya mfuniko.

ROBOTA: Huo mkaa wa nini?

NYANJIGE: Wa miti ya pamba.

ROBOTA: Miti ya pamba? Si tumeamriwa tuing'oe tuichome yote, wadudu wasipate pa kulala?

NYANJIGE: Wewe unaona ninaifanyaje hapa? Ninaikopesha?

KIFUNGU: Ngoja. Anaichoma! Basi hapo agizo limetekelezwa. Hiki si chungu tena, ni taarifa ya utekelezaji.

MASAFA: Mimi nauliza la kitaalamu. Redioni walisema kuoka bila kipimo cha joto ni kubahatisha. Humo ndani kuna nyuzi ngapi?

NYANJIGE: Nyuzi ziko kwenye pamba, Masafa. Humu kuna mtama.

Akasimama, akakung'uta kanga, na sauti yake ikabadilika.

NYANJIGE: Sasa nisikilizeni, sitanii. Mshiriki akiondoka mezani kwake anahesabiwa amejitoa. Mimi naenda kusimama kule. Harufu ya boga ikiisha, ikaja ya karanga inayokaangwa, ondoeni mkaa wa juu mniletee chungu. Hakuna kingine. Hakuna kamati.

ROBOTA: Mayu, nenda kwa amani. Tupo watu wazima.

NYANJIGE: Ndiyo ninachoogopa.

Hajavuka barabara, kamati ikaundwa. Kifungu akawa mwenyekiti kwa sababu ya uzoefu, Masafa akawa idara ya utaalamu, Robota akawa wajumbe, na mimi nikabaki wananchi.

Ng'ambo, kipaza sauti kikakohoa: "Wananchi, mgeni rasmi yuko njiani."

Kwa muda tulikaa kwa nidhamu, pua juu, kama ng'ombe wanaosikilizia mvua. Harufu ya boga ilikuwa wazi, tamu, yenye moshi kidogo. Kisha ikaanza kuyumba.

MASAFA: Karanga hiyo.

ROBOTA: Boga.

MASAFA: Karanga, ndugu yangu. Una mafua.

ROBOTA: Mimi nilikuwa nanusa pamba yenye maji kabla wewe hujanunua betri. Hilo ni boga.

KIFUNGU: Wajumbe, tuko kwenye kipindi cha mpito. Na wahenga walisema, aliye juu mngoje chini. Mkaa wa juu uachwe, utashuka wenyewe.

ROBOTA: Hiyo methali si ya mkaa.

KIFUNGU: Methali haina shamba maalumu.

Hapo ndipo Masafa alipotoa wazo ambalo, kwa haki kabisa, lilikuwa la kisayansi. Alisema huwezi kutambua harufu bila kielelezo. Kwenye sinia la Nyanjige kulikuwa na kashata za karanga. Kila mjumbe ashike moja puani, anuse karanga halisi, kisha anuse shimo, alinganishe. Tukafanya hivyo. Tukanusa kashata, tukanusa shimo. Robota akanusa kashata kwa karibu zaidi, akaila.

KIFUNGU: Umekula kielelezo!

ROBOTA: Nimekihifadhi.

Akachukua kingine. Si muda mrefu, kila mmoja alikuwa na makombo ya karanga kwenye masharubu na karanga vidoleni, na kijiwe kizima, pamoja na kahawa na redio, kilinuka karanga. Chungu kingeweza kuungua mpaka udongo, sisi tungeona ni kashata.

MASAFA: Sasa nanusa karanga tu.

ROBOTA: Ya shimo, au yako?

MASAFA: Ndiyo shida.

"Wananchi, mgeni rasmi bado yuko njiani."

Ng'ambo ya barabara Nyanjige alisimama nyuma ya meza yenye kitambaa cheupe na hakuna kitu juu yake. Meza ya jirani, ya Gloria, ilibeba mkate mkubwa wa unga wa ngano isiyokobolewa wenye boga ndani, umeng'aa kama kiatu cha mwanajeshi, umezungushiwa karoti zilizochongwa maua. Gloria hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa na sauti inayofika mbali.

– Mwenzetu naona ameoka hewa, alisema, na watu wakacheka.

Nyanjige alinyoosha kitambaa chake cheupe. Alituangalia sisi. Akainua mkono, akaupunga.

ROBOTA: Anatupungia.

KIFUNGU: Tumpungie. Tusimvunje moyo.

Tukampungia wote, kwa upendo. Akapunga kwa nguvu zaidi. Masafa akasimama juu ya ubao akampungia kwa mikono miwili.

ROBOTA: Ana furaha leo, mayu.

MASAFA: Lakini jamani, labda anataka chungu.

KIFUNGU: Angetaka chungu angetamka. Kupunga si maelekezo. Na isitoshe ukaguzi hauanzi kabla ya mgeni rasmi. Kisheria, kabla mgeni hajafika, hakuna muda. Saa ya shughuli inazaliwa pale gari linapopaki.

MASAFA: Kwa hiyo sasa hivi ni saa ngapi?

KIFUNGU: Haijafika.

ROBOTA: Mimi naona tusiguse. Ng'ombe akiwa anazaa humwendei na tochi. Ngoja ngoja huumiza matumbo.

KIFUNGU: Hiyo inasema usingoje.

ROBOTA: Inasema matumbo. Na sisi tunazungumzia chakula.

Kutoka hapo mambo yakapanda. Masafa akaeleza kwamba chungu kilichozibwa hutengeneza mgandamizo, na kwamba kuna milima iliyolipuka kwa mfuniko wa namna hiyo hiyo. Akatushauri tukae mbali kidogo. Robota akasema yeye anasogea kwa sababu ya jua, si kwa sababu ya mlima. Kifungu akataka tuandae mapema tamko la kamati endapo chungu kitalipuka, na akawa tayari na sentensi ya kwanza, "Kufuatia hali iliyojitokeza." Tukahamisha ubao na vikombe vyetu mpaka kivulini upande wa pili wa ghala, tukaanza kujadili kama mkate wenye boga ni mkate au ni boga. Mjadala ulikuwa mzuri sana. Shimo lilikuwa nyuma ya ukuta.

Jua lilishavuka kichwa likaanza kuteremka kuelekea Lamadi tuliposikia vigelegele, halafu honi, halafu kipaza sauti kikilia kama kimebanwa mlango: "Mgeni rasmi amewasili! Meza isiyo na chakula iondolewe mara moja!"

Kisha sauti moja ikavuka barabara yote, juu ya honi na juu ya kipaza sauti.

– NDALAHWA! CHUNGU!

Tuliangaliana.

ROBOTA: Si wewe mwenyekiti?

KIFUNGU: Mwenyekiti haondoi mkaa. Si Masafa ni mtaalamu?

MASAFA: Mimi nilidhani kimeshapelekwa! Nilimwona anapunga!

Tukakimbia. Mkaa wa juu haukuwepo tena. Kulikuwa na jivu jeupe, laini, kama poda ya mtoto. Robota akagusa udongo, akakaa chini. Mtu mkubwa namna ile akikaa chini ghafla, unajua jambo limeharibika.

ROBOTA: Tumemchoma, jamani. Tumemchoma mama wa watu.

Kifungu akaliacha tamko lake, akakimbilia gunia.

Tukakitoa kwa gunia lililoloweshwa maji, tukakifunga humo humo. Robota, kwa mazoea ya miaka ya pamba, badala ya kuelekea barabarani akalitundika gunia kwenye ndoano ya mizani.

MASAFA: Shusha! Hatununui!

Akashusha. Tukavuka barabara, yeye na Masafa wamelibeba, Kifungu mbele akisimamisha bodaboda kwa mkono kama trafiki. Afisa mmoja alikuwa ameshaanza kuvuta kitambaa cheupe cha mezani. Nyanjige alikuwa amekishika upande wa pili, hakiachii. Tukatua chungu katikati yao.

Nyanjige akaliangalia jivu lililobaki kwenye mfuniko. Alielewa yote. Akasema kwa sauti ya chini, kwa Robota peke yake, lakini tulisikia:

– Bhabha, mmeniua?

– Fungua tu, mayu, Robota akasema, macho yake yakiangalia viatu.

Mgeni rasmi alikuwa mezani kwa Gloria wakati huo. Mtu mzima, amechoka, ametoka kuzindua mambo mengine kadhaa siku hiyo na katika yote hayo alikuwa amepewa maji ya chupa na biskuti. Lakini mkate wa Gloria ulikuwa umekaa juani tangu asubuhi ukimsubiri kwa utii. Afisa lishe aliukata mara ya kwanza kwa kisu, mara ya pili kwa kisu na mkono wa mtu mwingine. Mgeni rasmi akatafuna. Akaendelea kutafuna. Watu walimsubiri ameze kama wanavyosubiri matokeo ya uchaguzi.

Ndipo Nyanjige akagonga lile donge kwa mwiko. Lilikuwa limekauka likawa jiwe. Akagonga tena, likapasuka mzunguko mzima, akainua mfuniko.

Mvuke ulitoka kwanza, mzito, kisha harufu. Naomba nisiieleze sana, maana sisi tulikuwa na karanga puani na tuliisikia hata hivyo. Juu mtama ulikuwa umekaukia rangi ya asali. Alipozamisha mwiko, chini kulikuwa laini: kila punje imevimba, nzima, haijapasuka, boga limeyeyuka likawa mchuzi wa mtama, viazi vimebaki vipande, kunde zinang'aa kwa samli. Hapakuwa na punje iliyoungua.

Huku kwetu mashindano ya ngoma hayahitaji majaji. Makundi mawili yanacheza uwanja mmoja, na anayeshindwa anajijua kwa kuona migongo ya watu. Siku hiyo Gloria aliiona migongo. Kwanza ya watoto, kisha ya kina mama, kisha ya mpiga picha, na mwisho ya mgeni rasmi mwenyewe, aliyekuwa bado anatafuna. Gloria akasubiri kidogo, halafu akachukua sahani naye akaja. Nimesema hakuwa mtu mbaya.

MGENI RASMI: Hiki kinaitwaje, mama?

NYANJIGE: Chakula.

Mgeni akala amesimama. Msaidizi wake akamkumbusha hotuba. Akamkabidhi msaidizi hotuba ile, ili apate mkono wa kushikia sahani ya pili. Afisa lishe akasema kwa kipaza sauti kwamba mlo huu umezingatia makundi yote, na kwamba mtama usiokobolewa ukiokwa pole pole kwa moto unaopungua hubaki na virutubisho vyake, jambo ambalo ofisi imekuwa ikilisisitiza siku zote. Ilikuwa mara ya kwanza kulisikia. Kisha akatamka jina: Nyanjige.

Vigelegele vilianzia kwa wauza nyanya vikafika stendi. Robota alilia waziwazi na kusingizia mvuke. Nyanjige hakupiga kelele. Alimshika afisa mkono, hakumwachia.

– Banda liko ndani?

– Ndani, mama.

– Na ninaingilia geti la mbele?

– Geti la mbele. Na beji.

Hapo ndipo alipopiga kigelegele chake, kimoja, kirefu, nadhani walikisikia hata Lalago.

Tuliporudi kijiweni tulikuwa washindi wote. Ubao ulirudishwa mahali pake. Nyanjige alitumiminia kahawa ya bure, akakaa kwenye ukingo wa shimo, miguu ndani, chungu kitupu pembeni yake kimepanguswa na watu kwa vidole.

KIFUNGU: Sasa ieleweke. Ushindi huu ni wa kiutaratibu. Kamati iliamua kwa makusudi kutokutoa chakula kabla ya saa kuzaliwa. Gloria alitoa mapema, akaadhibiwa na muda.

MASAFA: Utaratibu gani, ni sayansi! Nilipima kwa pua nikaona tuhamie upande wa pili ili pumzi zetu zisipoze udongo. Watu hatujui, lakini binadamu anatoa ubaridi.

ROBOTA: Ninyi mnasahau miti ya pamba. Wale wadudu mnaoambiwa muwachome, mnafikiri wanakwenda wapi? Wanaacha mafuta. Ndiyo ladha ile.

NYANJIGE: Robota, mgeni rasmi amekula sahani tatu. Usifanye azirudishe.

KIFUNGU: Napendekeza kamati iandamane na mshindi Nyakabindi. Tutasimamia shimo.

ROBOTA: Na beji.

MASAFA: Na beji, bila shaka. Umoja ni nguvu, mgeni siku ya kwanza.

Wakati huo alikuwa amefika mwanamke mwenye ndoo ya dagaa, Jenifer, wa Lamadi, aliyekosa gari akaja kusubiri jingine kwenye ubao wetu. Alitusalimia, "Mwadila," tukamwitikia, tukamsogezea nafasi, tukamhadithia kila kitu, wote kwa pamoja. Alisikiliza kwa adabu mpaka mwisho.

– Nimeelewa, alisema. Sasa kati yenu, nani aliyejua kwamba kimeiva?

 Robota akamwangalia Masafa. Masafa akaizima redio, kitu ambacho hata kwenye msiba hajawahi kufanya. Kifungu akainua kikombe ili apate muda, akakuta ni kikavu. Akainamisha birika. Birika nalo.

– Waache, mwanangu, Nyanjige akamwambia Jenifer, akifuta makombo ya kashata kwenye sinia lake lisilo na kashata. Wanatafakari.

Kilichotokea ni hiki. Wanaume wanne, nami nikiwemo, tulisahau chungu motoni, mgeni rasmi akachelewa, na Nyanjige alikuwa ameuziba mfuniko vizuri.